Mistari Miwili Niliyoshindwa Kumfasiria Baba

Swali la wiki hii linatutaka tutaje filamu iliyowahi kutulazimisha kuisimamisha katikati, na tueleze sababu. Yangu ni filamu ya Kikorea iitwayo Gangbyeon Hotel, yaani hoteli ya kando ya mto, iliyoongozwa na Hong Sang-soo na kuonyeshwa kwa mara ya kwanza mwezi Agosti 2018 katika tamasha la Locarno, nchini Uswisi. Niliisimamisha Julai iliyopita, sebuleni kwangu hapa Mafinga, pale mzee mmoja alipokuwa akiambiwa na mwanawe jinsi mama yao anavyomsema. Niliisimamisha kwa sababu baba yangu mzazi alikuwa ameketi kando yangu, amejifunika blanketi mpaka kifuani, akisubiri nimfasirie.

Nieleze kwanza filamu yenyewe, kwa kuwa naamini wengi wenu hamjaiona. Ina dakika 96, ni ya picha nyeusi na nyeupe, na karibu yote inatendeka ndani na kandokando ya hoteli moja isiyo na wageni wengi, kwenye ukingo wa Mto Han, katikati ya majira ya baridi. Mshairi mzee aitwaye Young-hwan anaishi humo bila kulipa, kwa kuwa mwenye hoteli anayapenda mashairi yake. Hana ugonjwa unaotajwa, lakini ameingiwa na hisia kwamba siku zake zimekwisha, na kwa ajili ya hisia hiyo anawaita wanawe wawili, watu wazima sasa, ambao zamani aliwaacha na mama yao akaenda kwa mwanamke mwingine. Katika chumba kingine cha hoteli hiyo hiyo yupo mwanamke kijana, Sang-hee, aliyeachana na mwanamume aliyempenda, na mkono wake mmoja umefungwa bendeji kwa kuungua. Rafiki yake, Yeon-ju, amefunga safari kuja kumliwaza.

Hadithi ndiyo hiyo. Mtu aliyezoea tamthilia za Kikorea tunazozitazama huku, zile zilizotiwa sauti za Kiswahili, zenye falme na mapanga na wapenzi wanaotenganishwa na wazazi matajiri, atasubiri sana jambo litokee, na kwa kitambo kirefu atawaona watu wakinywa kahawa. Hong Sang-soo ndivyo afanyavyo kazi. Filamu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1996, na kwa miaka mingi sasa amezoea kufanya kazi na watu wachache, mara nyingi huyaandika mazungumzo asubuhi ya siku ile ile ya kupiga picha, kisha huiacha kamera iwatazame watu wawili mezani mpaka adabu yao ianze kuchoka. Nimelitaja neno adabu makusudi, kwa kuwa ndilo lililonifanya niandike barua hii.

Baba yangu alikuwa fundi wa reli. Mwaka 1991, mimi nikiwa na miaka tisa na mdogo wangu sita, alituaga kwamba amehamishwa kituo, akabeba sanduku lake la bati, na baada ya miezi miwili tukasikia ana nyumba nyingine. Hakukuwa na ugomvi wala kelele. Miaka mitatu iliyopita yule mama aliyekuwa akiishi naye alifariki, mguu wa baba ukaanza kuvimba, na jirani mmoja akaitafuta namba yangu akanipigia. Nikaenda kumchukua. Mama yangu anaishi Dar es Salaam kwa mdogo wangu, na nilipomweleza alinijibu kwa sentensi moja: nimefanya vema, ila nisije nikampa simu baba azungumze naye.

Tangu hapo tumeishi chini ya paa moja kwa adabu kubwa sana. Kila asubuhi namwamkia, shikamoo baba. Marahaba mwanangu, umeamkaje? Namuuliza habari za mguu, naye ananiuliza habari za shule ninayofundisha, mahindi, na mvua. Maji ya kunawa yanatangulia kwake, chakula kinatengwa kwake kwanza, na majirani wananisifu mpaka naona haya. Katika miaka yote hiyo mitatu neno 1991 halikuwahi kupita kati yetu. Nilikuwa nikijiambia kwamba hiyo ndiyo heshima, na kwamba mtu mzima haulizwi.

Usiku ule baba hakuwa amepanga kutazama chochote. Mafinga mwezi wa saba si mahali pa mchezo. Ukungu unashuka tangu saa kumi jioni, na mzee mwenye mguu mbovu hapati usingizi mapema. Jiko la mkaa lilikuwa limekolea, tumeliingiza ndani na kuacha dirisha wazi kidogo, nami nilikuwa nimeifungua filamu kwenye kompyuta, niliyopewa na mwalimu mwenzangu kwenye flashi. Mwanzoni kabisa sauti ya mtu inasoma majina ya walioshiriki, na baba akaniuliza kama ni taarifa ya habari. Nikamweleza ni filamu ya mzee aliyewaita watoto wake. Akasogeza kiti. Maandishi ya chini yalikuwa ya Kiingereza, ambacho hakimudu, na macho yake yamepungua, basi nikawa nafasiri kwa sauti, sentensi baada ya sentensi, kama mkalimani wa mkutano.

Ukifasiri filamu kwa mdomo unaisikia kwa namna ambayo mtazamaji wa kawaida haisikii. Jambo la kwanza nililolisikia ni neno moja lililokuwa likirudiwarudiwa, ‘abeoji’, na baba ndiye aliyelitambua kabla yangu. Akauliza: hilo wanalolirudia, ndilo baba? Nikamwambia ndilo. Kikorea, kama wajuavyo waliojifunza hata kidogo, kina ngazi za heshima zilizofumwa ndani ya vitenzi vyenyewe, na mtoto akimsemesha mzazi kitenzi chake hubadilika mwisho, hata kama moyoni amekasirika. Wale wana wawili, Kyung-soo mkubwa na Byung-soo mdogo, wanazungumza na baba yao kwa upole wa namna hiyo tangu dakika ya kwanza. Mkubwa ameachana na mkewe na hataki mzee ajue. Mdogo ni mwongozaji wa filamu, hajaoa, na anakaa mbele ya baba yake kama mwanafunzi anayesubiri matokeo. Baba naye ni mpole kupindukia. Nadhani hakuna filamu nyingine niliyoiona inayoonyesha waziwazi hivi jinsi watu wenye deni la moyoni wanavyoweza kujificha nyuma ya tabia njema, kila mmoja akimstahi mwenzake, na mchana ukawa unapita.

Mzee hataki wanawe wapande chumbani. Anawaambia wamsubiri chini, kwenye mkahawa wa hoteli. Wao wanasubiri upande mmoja, yeye yupo upande mwingine wa mkahawa huo huo, na kwa muda mrefu hawaonani. Watu watatu waliotengana miaka mingi, na mmoja wao anaamini anakufa, wanapotezana ndani ya chumba cha kunywea kahawa. Mtu angeweza kulichukulia jambo hilo kama mzaha, na nakiri lina wepesi fulani. Mimi lilinibana kifua, kwa sababu najua jinsi inavyowezekana. Baba yangu hulala chumba kilichopakana na changu, ukuta wa tofali moja, namsikia akikohoa.

Wakishaonana, mzee anawapa zawadi: mwanasesere wa kitambaa, mnyama mdogo wa manyoya, mmoja kwa kila mwana. Wanaume wale wawili, waliovaa makoti mazito ya baridi, wanavipokea na kubaki navyo, na unawaona wakitafuta namna ya kushukuru. Baba akaniuliza kama wana watoto, pengine vile ni vya wajukuu. Nikamjibu hapana, vimetolewa kwao wenyewe. Akanyamaza. Nami nikakumbuka siku niliyokwenda kumchukua: kabla hatujazungumza lolote alimtuma mtoto wa jirani dukani akaniletee soda ya machungwa, kwa kuwa nilipokuwa mdogo niliipenda, na akanisimamia mpaka nimalize chupa, mimi mtu mwenye mvi kidevuni ambaye daktari ameshamkataza sukari. Niliinywa yote. Sikumwambia habari ya daktari mpaka leo.

Kuna pia mazungumzo ya majina, ambayo wasomaji wa huku watayaelewa haraka, maana kwetu nako jina halitolewi bure. Majina mengi ya Kikorea yana maana iliyofichwa katika maandishi ya kale ya Kichina, na mzee anamfafanulia Byung-soo kwamba katika jina lake mna wazo la mambo mawili yanayokwenda sambamba. Anaeleza kwa furaha, kama mshairi, na ni wazi aliwahi kulifikiria jina hilo kwa upendo. Hapo ndipo ugumu wa kumhukumu unapoanza. Mtu aliyekuacha ndiye aliyekupa jina unaloitikia, na siku alipokupa hakuwa akidanganya.

Ndipo ikaja sentensi yenyewe. Mzee anataka kujua mama yao anamsemaje, na mmoja wa wanawe, kwa sauti ile ile ya heshima, na kwa vitenzi vile vile vyenye ngazi, anamweleza: kwa mama yao yeye ni zimwi, mtu ambaye ndani yake hamna jambo hata moja la kibinadamu la kumfaa. Kwa Kiingereza yalikuwa maneno tu, mistari miwili chini ya picha. Kwa Kiswahili nisingeweza kuyasema bila kulitumia neno utu, na wote tunajua kumwambia mtu hana utu ni kumwambia nini. Mdomo ukaniwia mzito. Nikasema: ‘Anasema mama yao bado ana hasira naye.’

Baba hakugeuka. Akasema: ‘Maandishi yalikuwa mistari miwili. Wewe umesema machache.’

Nikabonyeza kitufe, picha ikaganda na uso wa yule mshairi ukiwa katikati. Nikasema nakwenda kuongeza mkaa. Nikakaa nje, kwenye ukungu, muda mrefu kuliko unaohitajika kuongeza mkaa, na niliporudi alikuwa ameshaingia kulala. Hilo ndilo jibu la swali lenu kwa ufupi, lakini sehemu iliyobaki tuliitazama baada ya siku mbili, yeye mwenyewe akiwa ameitaka, na singependa kuinyima haki yake.

Kitu ninachokiheshimu sana katika filamu hii ni kwamba mshairi hatetewi, na wala hasulubiwi. Anatoa sababu yake ya kuondoka, kwamba mtu hawezi kuendelea kuishi na mwenzake kwa sababu ya kujiona ana hatia tu, na sababu hiyo unaweza kuiona ya kweli na ya ubinafsi kwa wakati mmoja. Niliifasiri yote, neno kwa neno, na baba hakusema kitu. Ki Joo-bong, mwigizaji wa siku nyingi aliyeucheza uhusika huo, alipewa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume pale Locarno, na ukimtazama utaona kwa nini: hatafuti huruma yetu hata mara moja. Anatembea kama mtu aliyesahau kitu chumbani na hakumbuki ni nini.

Halafu inakuja theluji. Mzee anasinzia kwenye kiti, mkahawani, na anapoamka dunia yote ya nje imekuwa nyeupe: ukingo wa mto, miti, magari, njia. Imeanguka kwa kitambo kifupi, hakuna aliyeiona ikianza. Nimeishi nyanda za juu maisha yangu yote na baridi naijua, lakini hiyo ni baridi ya ukungu na umande, baridi inayokufanya umsogelee mwenzako jikoni. Ile ya kwenye filamu ni baridi inayozima sauti. Baba alisema aliwahi kuona majani yameganda meupe alfajiri moja ya mwezi wa sita, kazini relini, na kwamba wote walisimama wakashindwa kushika vyuma.

Mzee anatoka nje, anawakuta Sang-hee na Yeon-ju wamesimama katika weupe ule, na anaanza kuwasifu. Anawaambia ni wazuri, kisha anarudia, kisha anawashukuru kwa uzuri wao, kisha anarudia tena, mpaka mtazamaji anaona aibu kwa niaba yake. Baadaye usiku, katika mgahawa, anawasomea shairi. Watu wengine wameliona tukio hilo kama upuuzi wa mzee anayependa warembo, nami siwalaumu. Lakini tazameni mpangilio: maneno mazuri yote aliyonayo mtu huyu, na ni mshairi, anayo mengi, yanamtoka kirahisi mbele ya watu asiowajua, huku wanawe waliotoka mbali wakipata wanasesere. Kwa mgeni huna deni, kwa hiyo ulimi haukwami. Baba yangu anapendwa na kila mtu mtaani petu. Watoto wa majirani humfuata uani, anawatolea hadithi za treni mpaka magharibi. Mimi hadithi za treni nimezisikia kupitia dirishani.

Wanawake wale nao wana majuto yao, ambayo filamu haiyachimbi. Wanalala kitanda kimoja mchana kama ndugu, wanaongea kidogo, wanasinzia. Kim Min-hee, aliyeucheza uhusika wa Sang-hee, ameigiza huzuni ya mtu aliyeshalia akamaliza, na nadhani hilo ni gumu kulionyesha usoni kuliko machozi. Kuna kisa kidogo cha gari ambacho ningependa mtakaoitazama mkiangalie vizuri: Yeon-ju analitambua gari walilokuja nalo wale ndugu wawili, kwamba lilikuwa lake zamani, na anachukua glavu zilizomo. Ndugu wale hawajui, na hawatajua kamwe kwamba maisha yao yaligusana na ya wageni wale kwa njia nyingine zaidi ya kupishana kwenye korido. Hoteli nzima imejaa nyuzi za namna hiyo, na hakuna anayeuvuta hata mmoja.

Mwisho wake nitausema, kwa kuwa haujengwi juu ya mshangao. Wana wanampata mzee chumbani, chumba kile kile ambacho hakutaka wapande, akiwa ameanguka. Wanalia kwa sauti, na kwa mara ya kwanza tangu filamu ianze hawaijali tena adabu. Sasa ni ‘abeoji’ isiyo na kitenzi mbele wala nyuma. Mahali pengine katika hoteli, wanawake wawili wamelala.

Baba aliuliza: ‘Walimfikia?’ Nikamjibu kwamba walimfikia, ila alikuwa ameshamaliza. Akatikisa kichwa. Makaa yalikuwa yamefunikwa na majivu, na mke wangu na watoto walikuwa wamelala zamani. Kisha akasema, bila kunitazama: ‘Sasa ile mistari miwili.’

Sikujifanya kusahau ni ipi. Nikamwambia yote, kwa Kiswahili changu chote, na neno utu nikalitaja. Lilichukua muda mfupi kuliko nilivyoogopa. Alikaa akiusugua mguu wake, taratibu, kuanzia gotini kushuka chini, kama afanyavyo kila usiku.

‘Na mama yako ndivyo asemavyo?’

‘Mama hasemi kitu, baba,’ nikamjibu. ‘Tangu mwaka 1991 hajawahi kukutaja.’

Ilikuwa mara ya kwanza mwaka huo kutamkwa katika nyumba yangu. Nilitazamia ainuke, aniage, aniachie marahaba yake ya kesho. Hakuinuka. Akaniomba nimrudishie pale mzee alipoamka akakuta nje kumekuwa kweupe, nikamrudishia, tukatazama mpaka mahali wale wanawake wanapoanza kuzungumza, na hapo akainua mkono nisifasiri.